Nilivyofupisha maneno ya mume wangu, na msimbo ukafuata

Mume wangu hakuwahi kusema kwamba mgongo unamuuma. Naanza na hilo kwa sababu ndilo nililochelewa kuliko yote kulielewa. Alichosema siku ile ya Februari 2023, tulipokaa mbele ya daktari wetu wa kawaida, ni hiki: "Nikisimama kidogo, au nikitembea, miguu inajaa. Inakuwa mizito kama nimefungiwa mchanga, halafu inakufa ganzi mpaka nyayo. Nikikaa, au nikiinama, inarudi."

Daktari akanigeukia mimi. Kiingereza cha mume wangu ni cha kazini, cha salamu na maelekezo ya ghalani, na miaka yote nimekuwa mdomo wake kwa madaktari. Nikamfupishia daktari: mgongo wa chini unamsumbua, na miguu inachoka.

Nilidhani nimerahisisha mambo. Dakika kumi na tano za miadi ni chache, na mtu aliyezoea kutafsiri anajifunza kukata maneno. Daktari akamkagua, akampa dawa za maumivu, akaandika kwenye faili "maumivu ya mgongo wa chini". Kwenye karatasi ya kutokea kulikuwa na herufi na namba ambazo sikuzijali hata kidogo: M54.50.

Kwa ambaye hajawahi kuumwa Marekani, nieleze. Kila ugonjwa unaopelekwa kwa bima lazima uwe na msimbo kutoka orodha iitwayo ICD-10-CM. Ni toleo la Marekani la orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, limeanza kutumika tarehe 1 Oktoba 2015, na kila Oktoba hufanyiwa marekebisho. Bima haimuoni mgonjwa. Haioni anavyoshika ukuta. Inaona msimbo wa ugonjwa, msimbo wa huduma inayoombwa, na maelezo ya daktari ikiwa itayaomba. M54.50 maana yake ni maumivu ya mgongo wa chini ambayo hayajafafanuliwa. Ndivyo nilivyomwelezea mume wangu kwa daktari, na ndivyo alivyoandikwa.

Machi daktari aliomba kipimo cha MRI, picha ya ndani ya mgongo. Bima ikakataa. Barua ilisema kwa maumivu ya mgongo ya aina hiyo wanataka kwanza wiki 6 za mazoezi ya tiba, isipokuwa pawe na dalili za neva kudhoofika, na kwenye faili hakuna dalili kama hizo. Nilikasirika sana. Lakini nikiisoma leo barua ile naona haikuwa na kosa. Kwa maneno yaliyokuwa kwenye faili, walijibu sawasawa. Ganzi ya nyayo haikuwemo. Miguu kujaa haikuwemo. Niliiacha mimi.

Tukafanya mazoezi ya tiba, mara mbili kwa wiki, dola 40 kila tukienda, mara 12. Mume wangu alikuwa akitoka kazini mapema na saa hizo hazilipwi. Hayakumsaidia sana kwa miguu, lakini kumbe yule mtaalamu wa mazoezi alikuwa anaandika vitu ambavyo baadaye vingetuokoa. Nitarudi hapo.

Juni MRI ikakubaliwa. Majibu yalisema mfereji wa uti wa mgongo umebana sana kati ya pingili ya 4 na ya 5 za kiuno, wanapaita L4-L5. Kano ya ndani imenenepa, viungo vidogo vya nyuma vimechakaa, diski, yaani mto ulio kati ya pingili, imetokeza, na neva zilizomo katikati hazina nafasi. Chini yake, L5-S1, matundu ya pembeni yanapotokea neva yalikuwa yamebana kiasi. Nililia kidogo kwenye gari, kwa afueni. Tumelijua tatizo, sasa tutatibiwa. Niliamini kwamba picha ikishapatikana, mengine yote yatajipanga yenyewe.

Sindano ya steroidi, dawa ya kutuliza uvimbe wa ndani, aliyochomwa mgongoni Julai ilimsaidia kwa wiki tatu hivi. Agosti ikaja bili ya dola 1,840, bima imegoma kulipa. Hili lilikuwa dogo na lilitatuliwa kwa simu mbili, lakini nalisema kwa sababu watu wengi hulipa bili ya namna hii bila kuuliza. Fomu ya madai, CMS-1500, ina nafasi namba 21 inayochukua hadi magonjwa 12, kila moja na herufi yake. Halafu kila huduma, kwenye nafasi 24E, inaandikiwa herufi ya ugonjwa ulioisababisha. Kwetu, herufi A ilikuwa bado ile M54.50 ya zamani, ugonjwa wa kubana mfereji uko B, na sindano ikaelekezwa kwa A. Yaani bima iliambiwa sindano ni ya maumivu ya mgongo yasiyojulikana. Maelezo ya daktari yalisema wazi sindano ni ya mfereji uliobana, kwa hiyo lilikuwa kosa la makarani. Walisahihisha, wakaiondoa M54.50 kabisa, maana dalili ambayo ni sehemu ya ugonjwa uliokwisha kujulikana haiandikwi peke yake kama ugonjwa mwingine, wakatuma upya, ikalipwa. Ombeni nakala ya fomu hiyo. Mimi nilikuwa sijui hata kama ipo.

Septemba ndiyo ilituvunja. Daktari wa upasuaji aliomba kibali cha kupanua mfereji pale L4-L5. Jibu likaja: hapana. Barua ilisema kumbukumbu hazionyeshi klaudikesheni ya neva wala kiasi gani cha kutembea kilichopotea. Msimbo ulioandikwa ulikuwa M48.061.

Nilikaa na barua ile mezani usiku mpaka nikajua kila namba maana yake. M48.0 ni kubana kwa mfereji wa uti wa mgongo. Tarakimu inayofuata inasema mahali: 2 ni shingo, 4 ni kifua, 6 ni kiuno, 7 ni pale kiuno kinapoungana na sakramu, mfupa wa chini kabisa nyuma ya nyonga, na 0 ni mahali pasipotajwa. Kwa kiuno peke yake kuna tarakimu moja zaidi, iliyoongezwa tarehe 1 Oktoba 2017. M48.061 ni kubana bila klaudikesheni ya neva. M48.062 ni kubana pamoja nayo. Na klaudikesheni ya neva ni nini? Ni miguu kuuma, kuwa mizito au kufa ganzi mtu akisimama au akitembea, na kupata nafuu akikaa au akiinama mbele. Ndiyo hiyo hiyo. Neno kwa neno, ndiyo sentensi ya mume wangu ya Februari.

Kilichoniuma zaidi ni kugundua jinsi ile 1 inavyoingia. Daktari akiandika tu "mfereji umebana kiunoni" bila kusema lolote kuhusu kutembea, orodha inampeleka mwandishi wa misimbo kwenye M48.061. Hakuna msimbo wa "hatujauliza". Kisichoandikwa kinasomeka kama hakipo.

Asubuhi nikapiga simu kliniki, nikaunganishwa na mwanamke anayeandika misimbo. Nikamwambia: badilisha iwe 062, ni tarakimu moja tu, mume wangu hawezi hata kumaliza foleni amesimama. Alinisikiliza mpaka mwisho, akanijibu kwa upole kwamba hawezi. Nilipandisha sauti. Namwomba radhi mpaka leo, maana alinifundisha mengi kuliko mtu yeyote katika safari ile.

Alisema yeye haandiki ugonjwa, anageuza maneno ya daktari kuwa misimbo. Hawezi kusoma MRI akaamua mwenyewe kwamba mgonjwa ana klaudikesheni, kwa sababu klaudikesheni haionekani kwenye picha. Kuna watu wenye mfereji mwembamba wanaotembea bila taabu. Inajulikana kwa kumuuliza mgonjwa na kumpima. Na kuchagua msimbo kwa sababu ndio unaolipwa ni udanganyifu, unaweza kumtoa kazini na kuiingiza kliniki mahakamani. Nikamuuliza, basi daktari hakuandika chochote? Akafungua faili, akanisomea. Daktari wa upasuaji alikuwa ameandika "huenda ana klaudikesheni ya neva". Huenda. Kwa mgonjwa anayekuja na kurudi nyumbani, kanuni haziruhusu kuandika msimbo wa ugonjwa wenye "huenda", "inashukiwa" au "inawezekana". Linaandikwa lile lililo hakika. Kwa mgonjwa aliyelazwa kanuni ni nyingine, lakini mume wangu hakulazwa.

Aliloweza kufanya ni kumtumia daktari swali la maandishi, bila kumwekea jibu mdomoni. Akanishauri tupange miadi, kwa sababu daktari angehitaji kitu cha kujibia. Kisha akauliza swali nililolichukia kwa muda: "Nani huwa anamtafsiria mume wako?"

Kabla ya miadi hiyo nilifanya kosa jingine. Nilikata rufaa peke yangu. Kwa bima nyingi za binafsi una siku 180 tangu upate barua ya kukataliwa, kwa hiyo muda ulikuwepo tele, lakini hasira haingoji. Niliandika kurasa nne. Niliandika alivyokuwa akicheza mpira na watoto, nilivyomkuta ameketi kwenye ngazi anaogopa kuinuka. Sikuambatisha hata karatasi moja ya daktari. Kwa huduma ambayo haijafanyika wana siku 30 za kujibu, na mwishoni mwa Oktoba walijibu kwa aya mbili: hakuna taarifa mpya za kitabibu. Nilichoandika kilikuwa kweli tupu, lakini wao walikuwa wakitafuta vitu vitatu visivyokuwemo: dalili, vipimo, muda.

Ndipo nikaanza kukusanya. Sheria ya faragha ya afya inampa mgonjwa haki ya nakala za faili lake, na ofisi ina siku 30 za kuzitoa. Nyingi nilizipata kwenye akaunti yake ya mtandaoni siku hiyo hiyo. Nilisoma maelezo yote ya mazoezi ya tiba, na kwenye ukurasa wa wiki ya nne nikakuta: baiskeli ya mazoezi dakika 20, hakuna dalili, mashine ya kutembea dakika 4 na nusu, miguu mizito na ganzi pande zote mbili, amekaa dakika 2, nafuu. Nilisimama nikazunguka chumba. Kwenye baiskeli mtu huinama mbele na mfereji hupanuka kidogo. Akitembea amenyooka unabana. Yule mtaalamu alikuwa ameuandika ugonjwa wote katika mistari miwili, na karatasi ile haikuwahi kutoka kwenye ofisi yake kwenda kwa daktari wa upasuaji.

Tukaanza pia daftari. Kila jioni nilitembea naye kutoka mlangoni nikishika saa ya simu. Siku ya kwanza alifika hatua 210, akaegemeza viganja vyote viwili kwenye boneti ya gari la jirani, kichwa chini, akisubiri. Nilikuwa nimeishi naye na kuegemea kule kwa zaidi ya mwaka mmoja. Nilikuona kama uchovu. Sikuwahi kuhesabu. Niliandika: dakika 4, ganzi paja la kulia kisha la kushoto, ameinama, dakika 1 na sekunde 40, ameendelea. Siku 14 za hivyo.

Kuhusu mkalimani: sehemu ya 1557 ya sheria ya bima ya afya ya 2010 inazitaka hospitali na kliniki zinazopokea fedha za serikali ya shirikisho kumpa mgonjwa mkalimani aliyehitimu, bila malipo. Hawatakiwi kumtegemea ndugu, isipokuwa kwa dharura au mgonjwa mwenyewe akitaka. Miaka yote nilikuwa nikijaza "hapana" kwenye fomu, nikiona kuomba mkalimani ni kujidhalilisha wakati mke yupo. Safari hii nilijaza ndiyo, nikaandika Kiswahili.

Mkalimani alikuja kwa video, mwanamume wa makamo. Daktari aliuliza miguu inakuwaje. Mume wangu akasema inajaa. Mimi ningesema "inachoka". Mkalimani hakusema kitu kwa daktari, kwanza aliomba ruhusa ya kufafanua, kisha akauliza: "Inajaa vipi, mzee wangu? Inavimba, au inakuwa mizito?"

"Haivimbi," akasema mume wangu. "Inakuwa kama si yangu. Naiona pale chini lakini kama naazima miguu ya mtu."

Yakaenda kwa Kiingereza hivyo hivyo, yote. Daktari akaanza kuuliza mfululizo. Akisukuma mkokoteni wa dukani je? Anaenda mbali zaidi. Kushuka mteremko? Vibaya kuliko kupanda. Akisimama tu bila kutembea, anapumzika? Hapana, mpaka akae. Hilo la mwisho lina uzito, nilielezwa, kwa sababu mtu ambaye mishipa ya damu ya miguu imeziba naye hushindwa kutembea, ila yeye akisimama tu hupata nafuu. Huo ni ugonjwa mwingine wenye misimbo yake. Daktari akapapasa mapigo ya damu kwenye nyayo zote mbili, akakuta yana nguvu, akaandika hivyo. Akasoma karatasi ya baiskeli. Akapiga picha kurasa za daftari.

Hakubadilisha maelezo ya zamani. Aliandika mapya ya siku hiyo: mfereji wa L4-L5 umebana pamoja na klaudikesheni ya neva, uwezo wa kutembea dakika 4 hadi 5, mapigo ya nyayo mazuri, mazoezi ya tiba na sindano havikutosha. "Huenda" haikuwepo. Msimbo ukatoka M48.062. Tulituma ombi jipya badala ya kuendelea kubishana na lile la zamani, huku nikiwa nimeweka alama kwenye kalenda ya miezi 4 tuliyokuwa nayo ya kuomba mapitio ya nje, yanayofanywa na watu wasio wa bima. Hatukuyahitaji. Daktari alizungumza kwa simu na daktari wa bima, na wiki ya pili ya Desemba kibali kikatoka.

Nafasi ya upasuaji ilikuwa Januari. Na hapa niwaonye kuhusu gharama ambayo hakuna aliyeniambia. Bima yetu inatutaka tulipe wenyewe dola 3,000 za kwanza kila mwaka kabla haijaanza kulipa. Za 2023 tulikuwa tumekwisha kuzimaliza. Januari 2024 hesabu ilianza upya. Ile miezi ya kufupisha maneno, kupiga kelele na kuandika kurasa nne ilitugharimu dola 3,000 nyingine, ukiacha mishahara iliyopotea. Ukikaribia mwisho wa mwaka na kibali kinasumbua, mwambieni daktari wazi kuhusu tarehe hiyo.

Mengine machache kwa mnaopitia haya. Ikiwa tatizo lako ni L5-S1, msimbo wa mahali ni M48.07, na huo hauna tarakimu ya klaudikesheni, kwa hiyo maelezo ya dalili lazima yabebwe na maneno ya daktari peke yake. Ikiwa ni matundu ya pembeni yaliyobana na sio mfereji, kuna kundi jingine kabisa, M99.6 na M99.7. Ukiona M48.00 kwenye karatasi zako, uliza, kwa sababu inamaanisha hakuna aliyetaja ni wapi, wakati MRI imetaja. Na ndugu walioko nchi nyingine wakikutumia karatasi yenye M48.0 tu, msishangae wala msilinganishe. Orodha ya Shirika la Afya Duniani haina tarakimu ya klaudikesheni, na ile ya mahali si lazima kuandikwa, na ile mpya, ICD-11, ina msimbo wake tofauti, FA82.

Wiki ya sita baada ya upasuaji tulirudi kuonwa. Mkalimani alikuwa yule yule. Daktari akauliza ametembea umbali gani wiki hii, na kwa mazoea nikafungua mdomo. Mume wangu akaniwekea mkono gotini. Akawaambia mwenyewe: dakika 22, jumapili, mara moja tu ndiyo aliyosimama, na hakusimama kwa ajili ya miguu, alikuwa anamsubiri mtoto afunge kamba za viatu. Kisha akasema kidole gumba cha kushoto bado kina ganzi asubuhi. Hilo mimi sikuwa nalijua. Daktari akaliandika.